Mlinzi wa gemu akigoma: jinsi ya kutengeneza DLL za kuzuia udanganyifu bila kuziokota mtandaoni

Unabonyeza gemu, picha ya mlinzi, yaani programu ya kuzuia udanganyifu, inajitokeza, mstari unajaa hadi nusu, halafu kinaruka kisanduku cha hitilafu kinachotaja faili lenye mkia wa .dll, yaani kipande cha programu ambacho gemu hukipakia inapofunguka. Wengi hapo hapo hunakili jina la faili, huliingiza Google, na kuangukia kwenye tovuti inayogawa DLL moja moja bure. Usifanye hivyo. Hatari ya virusi ipo, lakini hata faili likiwa safi halitakusaidia. DLL ya mlinzi ni pingili moja ya mnyororo: inasainiwa na kampuni yake, inalingana na toleo fulani la gemu, na huduma iliyo ndani ya Windows inaikagua kabla ya kuiruhusu ipande. Ukichomeka ya toleo jingine, mlinzi anaiona kama faili lililochezewa. Ulikuwa na kosa la faili kukosekana. Sasa una kosa la faili lisiloaminika, na hilo ni baya zaidi.

Kazi yako ni moja: kujua ni pingili ipi imekatika, kisha kuirudisha kutoka kwa mwenyewe.

Maelezo haya ni ya Windows 10 na 11, na tumeegemea walinzi wawili ambao mchezaji wa kompyuta hukutana nao mara nyingi. Wa kwanza ni Easy Anti-Cheat, aliyetengenezwa na kampuni ya Kamu ya Helsinki, Finland, kabla ya Epic Games kuinunua mwaka 2018. Yumo kwenye Fortnite, Apex Legends, Rust, Elden Ring na Dead by Daylight. Wa pili ni BattlEye wa Ujerumani, aliyeanza mwaka 2004; yumo kwenye PUBG, Rainbow Six Siege, DayZ, Arma 3 na Escape from Tarkov. Vanguard, mlinzi wa kampuni ya Riot, tutamgusa mbele, kwa sababu matatizo yake mengi yako kwenye BIOS (programu ya msingi inayoiamsha kompyuta kabla ya Windows) kuliko kwenye DLL.

Vipande vitatu, sehemu mbili

Kila mlinzi wa aina hii ana vipande vitatu. Kuna DLL inayopakiwa ndani ya gemu yenyewe. Kuna huduma, yaani programu ya nyuma ya pazia inayoendeshwa na Windows kwa mamlaka ya juu. Na kuna draiva, faili lenye mkia wa .sys, linaloingia kwenye kiini cha Windows na kutazama nani anagusa kumbukumbu ya gemu.

Kwa BattlEye, DLL ni BEClient.dll au BEClient_x64.dll. Huduma ni BEService.exe na draiva ni BEDaisy.sys, na hivi viwili hukaa hapa:

C:\Program Files (x86)\Common Files\BattlEye

Kwa Easy Anti-Cheat, ndani ya folda ya gemu utakuta folda iitwayo EasyAntiCheat yenye kisakinishi na faili la Settings.json. Gemu za zamani zina EasyAntiCheat_Setup.exe na EasyAntiCheat_x64.dll. Gemu mpya, zilizounganishwa na Epic Online Services, zina EasyAntiCheat_EOS_Setup.exe, na mara nyingi DLL ya EOSSDK-Win64-Shipping.dll iko mahali fulani humo humo ndani ya gemu. Huduma na draiva zake ziko mbali na gemu:

C:\Program Files (x86)\EasyAntiCheat
C:\Program Files (x86)\EasyAntiCheat_EOS

Folda ya kwanza ni ya toleo la zamani, ya pili ni ya jipya. Kompyuta yenye gemu nyingi inaweza kuwa nazo zote mbili, na hilo si kosa. Usifute moja ukidhani ni nakala ya nyingine.

Mgawanyo huu ndio unaowachanganya watu. Ukienda Steam na kubonyeza "Verify integrity of game files", Steam hukagua folda ya gemu tu. Haigusi kilichoko Program Files (x86). Ndiyo maana mtu anaweza kuhakiki gemu mara tano, kila mara Steam ikamwambia mafaili yote yako sawa, na gemu ikaendelea kugoma: kilichoharibika ni huduma au draiva, siyo DLL ya ndani ya gemu. Na kuna upande wa pili wa jambo hilo hilo. Steam hurudisha mafaili yaliyokosekana au kubadilika, lakini haifuti faili la ziada ambalo halimo kwenye orodha yake. DLL ngeni uliyoingiza mwenyewe mwaka jana itabaki pale pale.

Soma namba kabla ya kushika kitu

Kisanduku cha hitilafu karibu kila mara kina namba, na watu huiruka. Namba hizo nyingi ni za Windows yenyewe, mlinzi anazipitisha tu, kwa hiyo maana yake ni ile ile kwa Easy Anti-Cheat, BattlEye na wengine. Mfano unaoonekana sana ni "Launch Error 30005", ukifuatwa na maneno "CreateFile failed with 32". Hiyo 30005 ni ya mlinzi. Inayokuambia jambo ni 32 ya mwisho.

2 ni faili halikupatikana. 5 ni kunyimwa ruhusa: antivairasi au akaunti isiyo na mamlaka ya msimamizi. 32 ni faili linatumiwa na programu nyingine, mara nyingi draiva ya zamani iliyobaki kwenye kumbukumbu. 126 ni moduli haikupatikana, na hapa pana mtego: DLL inayotajwa inaweza kuwepo kabisa, ila DLL nyingine ambayo hiyo inaitegemea ndiyo haipo. 193 ni faili lisilo programu halali, yaani limekatika katikati au limejaa sifuri, jambo linalotokea sana umeme ukizimika wakati gemu inajisasisha. 577 ni sahihi ya kidijitali haikubaliki. 1058 ni huduma imezimwa. 1060 ni huduma haijasakinishwa kabisa. 1275 ni draiva imezuiwa na Windows isipande. 1450, ambayo BattlEye huionyesha kama "Driver Load Error (1450)", ni mfumo kuishiwa rasilimali.

Ukiona namba ndefu inayoanza na 0x, tatu zinatosha kukariri. 0xc0000135 ni DLL haikupatikana. 0xc0000428 ni sahihi iliyokataliwa. Na 0xc000007b ni DLL ya biti 32 kuingia mahali pa biti 64, au kinyume chake. Hii ya mwisho ndiyo zawadi ya kawaida ya tovuti za kugawa DLL: mtu anapakua faili la biti 32 na kulitupa System32 kwa sababu jina la folda lina 32. Kwenye Windows ya biti 64, System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na SysWOW64 ndiyo yenye ya biti 32. Majina yamekaa kinyume na akili, lakini ndivyo yalivyo. Na DLL ya mlinzi wa gemu haina kazi kwenye folda hizo mbili hata kidogo.

Kurudisha mlinzi

Anza na Restart, siyo Shut down. Windows 10 na 11 zikiwa na Fast Startup, Shut down haizimi kiini cha mfumo. Hukihifadhi diskini na kukirudisha kilivyokuwa, pamoja na draiva zake. Restart huanza upya kweli. Namba 32 na 1450 nyingi huishia hapa.

Kisha hakiki gemu. Kwenye Steam: bofya gemu kwa kitufe cha kulia, "Properties", "Installed Files", "Verify integrity of game files". Kwenye Epic Games Launcher: vitone vitatu, "Manage", "Verify". Hupakuliwa vipande vilivyoharibika tu, kwa hiyo bando lako haliliwi na gemu nzima. Toa mods (nyongeza zisizo rasmi za gemu) kwanza, maana zikibadilisha mafaili ya gemu, uhakiki utayapakua yote upya.

Kama bado, shughulikia huduma. Fungua PowerShell kwa "Run as administrator" uandike:

sc.exe query EasyAntiCheat_EOS
sc.exe query BEService

Andika sc.exe, siyo sc tupu. Kwenye PowerShell inayokuja na Windows, sc ni kifupi cha amri nyingine kabisa inayoandika ndani ya mafaili. Jibu likiwa STOPPED, usishtuke: huduma hizi hulala na kuamka gemu inapofunguliwa, na aina yake ya kuanza ni Manual. Jibu la 1060 ndilo linalosema huduma haipo. Kama services.msc, dirisha la huduma za Windows, inaonyesha Disabled, ibadilishe iwe Manual. Mara nyingi ni kazi ya zile programu za "kuongeza kasi ya kompyuta" ambazo huzima kila huduma zisiyoifahamu.

Kwa Easy Anti-Cheat, ingia folda ya EasyAntiCheat ndani ya gemu na uendeshe kisakinishi kama msimamizi. Kikifungua dirisha, chagua gemu yako na ubonyeze "Repair Service". Kisipofungua chochote, fungua Settings.json kwa Notepad, tafuta mstari wa productid, nakili herufi zilizo kati ya alama za nukuu, kisha kwenye PowerShell, ukiwa ndani ya folda hiyo:

.\EasyAntiCheat_EOS_Setup.exe install herufi_ulizonakili

Kila gemu ina productid yake. Ukitumia ya gemu nyingine utasajili gemu hiyo nyingine, na yako itaendelea kulalamika. Usibadilishe kitu ndani ya Settings.json, soma tu ufunge.

Baada ya hapo fungua gemu kwa njia yake halali. Gemu nyingi mpya za Easy Anti-Cheat huanzia start_protected_game.exe. Mwenye kitufe cha mkato kinachoita programu ya gemu moja kwa moja, kwa mfano eldenring.exe, anamruka mlinzi, na gemu itafunguka bila mtandao au itakataa. Ukiona gemu inafunguka lakini hairuhusu kuingia kwenye seva, angalia kitufe cha mkato kabla ya kuangalia DLL.

BattlEye ni rahisi zaidi, kwa sababu hujijenga upya. Funga gemu na lancha yake (programu inayoifungua gemu), kisha kwa PowerShell ya msimamizi:

sc.exe stop BEService
sc.exe delete BEService

Amri ya kwanza ikijibu kwamba huduma haijaanzishwa, endelea tu. Futa folda ya BattlEye iliyoko Common Files, washa kompyuta upya, hakiki gemu, kisha ifungue. Lancha itaomba ruhusa ya msimamizi ili isakinishe huduma, ikubali. BEClient hujisasisha yenyewe kutoka seva za BattlEye, kwa hiyo mtandao usiwe umefungwa na programu ya ulinzi wakati huo. Ukinakili BEClient_x64.dll ya rafiki yako, hata mwenye gemu hiyo hiyo, unaweza kuwa umechukua toleo la juzi.

Kuna ujumbe wa BattlEye unaowatisha watu bure: "Blocked loading of file", ukifuatwa na jina la DLL. Unamaanisha mlinzi amezuia faili la programu nyingine lisiingie kwenye gemu, labda la kurekodi skrini au la taa za kibodi. Kama gemu inacheza vizuri, achana nao. Kama inaanguka, zima au sasisha programu yenye faili hilo.

Kuitazama sahihi kwa macho

Kabla ya kumlaumu mlinzi, muulize faili ni nani aliyelisaini. Bofya DLL kwa kitufe cha kulia, "Properties", na utafute kichupo cha "Digital Signatures". Faili la mlinzi lisilo na kichupo hicho ni la kutiliwa shaka. PowerShell husema zaidi:

Get-AuthenticodeSignature .\BEClient_x64.dll | Format-List Status, StatusMessage, SignerCertificate

Status ikiwa Valid, faili halijaguswa tangu lisainiwe. HashMismatch maana yake baiti angalau moja imebadilika, iwe kwa virusi, diski mbovu au upakuaji uliokatika. NotSigned inajieleza. Kisha soma jina la aliyesaini; sahihi halali ya kampuni usiyoijua haikuhusu.

Lakini sahihi halali siyo kibali cha kuokota faili popote. Agosti 2022 Trend Micro walieleza namna wahalifu walivyoichukua mhyprot2.sys, draiva ya mlinzi wa Genshin Impact, wakaipandisha kwenye kompyuta ambazo hata gemu hiyo hazikuwa nayo, wakaitumia kuua antivairasi kabla ya kufunga mafaili ya watu na kudai fedha. Draiva ilikuwa halisi na sahihi yake ilikuwa halali. Nguvu ya draiva ndani ya kiini cha Windows ni kubwa mno kuikabidhi kwa faili la zip lililotumwa kwenye kundi la Telegram.

DLL ngeni ndani ya folda ya gemu

Windows ikitafuta DLL ambayo gemu imeiita kwa jina, kwa kawaida huanza kwenye folda ya gemu kabla ya kwenda System32. Watengenezaji wa mods na wa vichujio vya rangi hutumia mwanya huo: huweka faili lenye jina la DLL ya Windows karibu na programu ya gemu, na gemu hulipakia hilo kwanza. ReShade hufanya hivyo kwa dxgi.dll au d3d11.dll. Vipakiaji vya mods hupenda dinput8.dll na version.dll. Mlinzi hawezi kutofautisha nia yako na ya mdanganyifu, kwa sababu njia ni moja. Matokeo ni gemu kufungwa, au ujumbe wa Easy Anti-Cheat "Game integrity violation" pamoja na "Unknown file version" na jina la faili kwenye mabano.

Fungua folda yenye programu ya gemu, panga mafaili kwa tarehe ya kubadilishwa, na utazame yasiyolingana na tarehe ya sasisho la mwisho la gemu. Ukiona moja ya majina hayo manne, lihamishie nje ya folda, usilifute, kisha jaribu. Gemu chache huja na dxgi.dll yake halali. Uhakiki wa Steam utakujulisha kwa kuirudisha. Mwenye kupenda mods kwa kucheza peke yake atenge nakala ya pili ya gemu na asiingie nayo mtandaoni kamwe.

Halafu kuna DLL za Microsoft ambazo mlinzi na gemu huzitegemea: vcruntime140.dll, vcruntime140_1.dll na msvcp140.dll. Hizi ndizo chanzo kikubwa cha namba 126 na cha ujumbe "The code execution cannot proceed because VCRUNTIME140.dll was not found". Dawa ni kusakinisha Visual C++ Redistributable kutoka tovuti ya Microsoft, vc_redist.x64.exe na vc_redist.x86.exe, zote mbili, hata kama Windows yako ni ya biti 64. Ni mafaili madogo. Mtu akikosea hapa ni pale anapochukua vcruntime140.dll pekee na kuibandika kwenye folda ya gemu: ujumbe unatoweka, lakini sasa gemu inapakia toleo la kale kuliko la mfumo, na inaanguka dakika kumi baadaye bila kueleza sababu.

Windows yenyewe ikiwa ndiyo mgonjwa

"Untrusted system file" wa Easy Anti-Cheat hutaja faili la Windows, kwa kawaida lililoko System32. Gemu ni nzima; Windows ndiyo imechezewa au imeharibika. Kwa dirisha la msimamizi, mpangilio ni huu:

DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth
sfc /scannow

DISM hutangulia kwa sababu ndiyo inayotengeneza ghala ambalo sfc huchukua nakala safi. Ukianza na sfc wakati ghala lenyewe limeoza, itakuambia imepata mafaili mabovu na imeshindwa kuyatengeneza. Ukimaliza kwa jibu hilo hata baada ya DISM, washa upya na urudie sfc mara moja zaidi.

DISM huvuta mafaili kutoka Windows Update. Kwa anayehesabu bando, au mtandao ukikatika kila asilimia 62, tumia ISO ya Windows, yaani faili la kusakinishia, ya toleo lile lile ulilonalo. Ibofye mara mbili ifunguke kama diski, tuseme imekuwa E, kisha:

DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth /Source:wim:E:\sources\install.wim:1 /LimitAccess

Ile 1 ya mwisho ni namba ya toleo ndani ya ISO. Kwa Pro au Home inaweza kuwa tofauti. Uipate kwa DISM /Get-WimInfo /WimFile:E:\sources\install.wim. ISO nyingine zina install.esd badala ya install.wim; hapo andika esd mahali pote pawili penye wim.

Tuseme wazi jambo ambalo mafundi wengi hawalisemi. Windows iliyofupishwa ili iwe nyepesi, au iliyoamilishwa kwa kraki, mara nyingi ina mafaili ya mfumo yaliyobadilishwa. Sfc itayarudisha, kraki itayabadilisha tena, na wewe utabaki ukizunguka. Kama kompyuta ilitoka kwa fundi ikiwa na Windows ya namna hiyo na gemu inalalamika juu ya faili la System32, sakinisha Windows safi kutoka ISO ya Microsoft. Utaokoa siku mbili za kubahatisha.

"Forbidden Windows configuration" au ujumbe unaotaja test-signing una dawa yake. Mtu, au programu fulani, amezima ukaguzi wa sahihi za draiva:

bcdedit /set testsigning off
bcdedit /set nointegritychecks off
bcdedit /debug off

Washa upya. Kama Secure Boot (ulinzi wa BIOS unaokagua sahihi za programu zinazoiwasha kompyuta) imewashwa, Windows itakataa kubadilisha baadhi ya mipangilio hii. Hilo lenyewe ni dalili kwamba kosa halipo hapo.

Namba 1275 na 577 huja zaidi kwenye kompyuta zenye Memory integrity, iliyo ndani ya Windows Security, "Device security", "Core isolation". Ushauri unaosambaa ni kuizima. Tunaupinga. Draiva inayozuiwa huwa ni ya zamani, na dawa ni kumsakinisha mlinzi upya ili alete draiva mpya. Microsoft iliwahi kusimamisha sasisho la Windows 11 24H2 kwa kompyuta za Intel kizazi cha Alder Lake na kuendelea zenye vPro, kwa sababu draiva za Easy Anti-Cheat za kabla ya Aprili 2024 zilikuwa zikiangusha mfumo kwa skrini ya bluu. Waliosasisha gemu zao na kuzifungua mara moja, mlinzi akajisasisha, walivuka.

Antivairasi na karantini

Antivairasi hukamata walinzi wa gemu kwa sababu tabia zao zinafanana na za virusi: wanasoma kumbukumbu za programu nyingine na kupandisha draiva. Kwenye Windows Security fungua "Virus & threat protection", "Protection history", na utafute jina la faili. Usibonyeze "Restore" kabla hujajua faili lilikuwa wapi: kama njia iliyoandikwa ni folda halisi ya gemu au ya mlinzi, rudisha kisha ukague sahihi kwa amri ya hapo juu. Kama ni folda ya Downloads au Temp, liache lilipo. Ukilazimika kuweka msamaha, usamehe folda ya mlinzi peke yake. Kusamehe diski nzima ya gemu ni kuacha mlango wazi.

Vanguard na BIOS

Vanguard, aliyekuja na Valorant mwaka 2020 na kuingia League of Legends mwaka 2024, hupandisha vgk.sys tangu kompyuta inapowaka. Ukimfuta ukamrudisha, lazima uwashe upya. Hakuna njia ya mkato. Kwenye Windows 11 anadai TPM 2.0 (chipu ya usalama ya kompyuta) na Secure Boot, na VAN9001 au VAN9003 ndizo namba za kukosekana kwake. Andika msinfo32 utazame "BIOS Mode" na "Secure Boot State". Kama BIOS Mode ni Legacy, usikimbilie kuzima CSM (hali ya BIOS ya kuwasha mifumo ya zamani): diski iliyogawanywa kwa MBR, mpangilio wa zamani, haitawaka tena. Kwanza:

mbr2gpt /validate /disk:0 /allowFullOS

Ikikubali, rudia amri ukiweka /convert mahali pa /validate, ndipo ubadilishe BIOS kwenda UEFI. Diski yako ya Windows isipokuwa namba 0, Disk Management itakuonyesha namba yake. Hifadhi nakala ya kazi zako kabla, na kama BitLocker, ufungaji wa diski kwa siri wa Windows, imewashwa, uwe na ufunguo wake wa kurejesha mkononi, si ndani ya kompyuta hiyo hiyo.

Kumbukumbu mbovu

"Corrupted memory" inayorudi baada ya uhakiki, usakinishaji na sfc safi ni ya kuchukulia kwa uzito. Rudisha BIOS kwenye kasi ya kawaida ya RAM kwa kuzima XMP au EXPO, cheza siku moja. Kama imetulia, RAM yako haimudu kasi hiyo. Kama haijatulia, pima kwa MemTest86 usiku mzima, kijiti kimoja kimoja. Pia endesha chkdsk C: /scan, diski inayokufa huharibu DLL ile ile tena na tena, na dalili yake ni HashMismatch inayorudi baada ya kila uhakiki.

Kwa wa Linux

Tangu 2021 Easy Anti-Cheat na BattlEye hukubali Proton, programu ya Steam inayoendesha gemu za Windows kwenye Linux, lakini mtengenezaji wa gemu ndiye anayeamua. Steam huleta vifaa viwili, Proton EasyAntiCheat Runtime na Proton BattlEye Runtime. Hakikisha vimesakinishwa. Kama mtengenezaji hajaruhusu, kama ilivyo kwa Fortnite, hakuna DLL wala faili la .so litakalobadilisha uamuzi huo.

Ukiandikia huduma kwa wateja

Yote yakishindikana, tuma vitu vyenye maana. Kwa Easy Anti-Cheat, andika %appdata%\EasyAntiCheat kwenye mwambaa wa File Explorer na uchukue mafaili yote ya .log, pamoja na yaliyo kwenye folda za gemu ndani yake. Ambatanisha maneno kamili ya hitilafu na namba yake, toleo la Windows kutoka winver, matokeo ya mwisho ya sfc, na jibu la Get-AuthenticodeSignature kwa faili linalolalamikiwa. Kama ujumbe unahusu seva na si faili, taja pia muda ulipotokea na saa za eneo lako. Kabla ya kutuma fungua log moja kwa Notepad. Jina la akaunti yako ya Windows huwa limo ndani ya njia za mafaili, na unaweza kulifunika.